Achari ya Bi Kuchakulo Imelala

"Paukwa!"
"Pakawa!"
"Pakawa chupa?"
"Na kifuniko chake!"
"Na mwenye njaa?"
"Afumbe mdomo, afumbue masikio!"

Hapo kale Bi Kuchakulo, mama kindi, alikuwa anamwoza binti yake, na pilau ya harusi bila achari ni aibu ya ukoo mzima. Basi akachemsha chupa, akakata maembe mabichi na karoti, kwacha-kwacha-kwacha. Mara Ngiri huyo, pua mbele.

"Naonja tu, shemeji."

Akaonja, nyam! Bakuli tupu.

Kuchakulo akasonya, akakata tena, kwacha-kwacha-kwacha. Ngiri huyo, pua mbele.

"Naonja tu, shemeji."

"Shemeji wa wapi? Umemwoa dada yangu yupi?"

"Undugu ni kufaana," akajibu Ngiri, mashavu yamefura. Nyam! Bakuli tupu.

Kuchakulo alitamani kulia. Akakata fungu la mwisho. Mwembeni halikubaki embe hata la dawa. Amekwisha kushika chumvi, akasikia kwato: pu, pu, pu. Lo! Akaitua chumvi, akajaza chupa mbiombio, siki chururu, vifuniko kri-kri-kri, zote uvunguni. Kisha akatwanga pilipili kichaa, akaimimina ndani ya mtungi.

"Naonja t..."

"Sss! Achari imelala."

Kila mpishi ajua achari hulala chupani mpaka iive. Lakini Ngiri alizoea kula, hakuzoea kupika.

"Imelala? Iamshe!"

"Kisauti changu hiki? Wewe ndiye mwenye koo. Tia kichwa mtungini, vuta pumzi ndefu, uiimbie."

Ngiri akatia kichwa, akavuta pumzi. "Amka, acha... CHAA!" Pilipili puani, pilipili kooni! Akachomoa kichwa, mtungi nao ukaja. Mbio! Bu, mti! Bu, kichuguu! Mtungi ukapasukia mtoni, na Ngiri hakuonja tena kwa watu.

Siku ya harusi pilau ikapakuliwa, chupa zikafunguliwa, pwa! Wageni wakatafuna. Wakatazamana.

"Bi Kuchakulo," akasema mama wa bwana harusi, "mbona haina chumvi?"

Bibi harusi akainamisha kichwa. Kuchakulo akainuka upesi.

"Chumvi ipo, mkwe wangu. Imelala." Akampa kibakuli cha chumvi. "Nyunyiza hii, ndiyo ya kuiamshia."

Wakanyunyiza, wakala, wakajilamba vidole.

Hadithi nimeifunika, kri! Nanyi mlioonja, futeni midomo. Funzo lake, wanangu: uongo ni mbaya sana. Na akija mlafi kuonja, msimfukuze. Muulizeni kwanza kama chumvi imekolea, ndipo mumwonyeshe mtungi.