Mbuzi Asiyefika

Zamani, Wayunani walipokuwa wakigombea hoja kama wenye njaa wanavyogombea pilau, mbuzi wa maziwa wa tajiri Tharsipo aliingia bustanini kwa Mirto, mjane mwenye maneno, akamaliza kabichi zote. Mirto akamshtaki Tharsipo kwa wazee wa mji.

"Mbuzi wangu hakufika kwake," alisema Tharsipo, aliyejigamba kwa kusoma falsafa. "Ili afike, lazima kwanza afike nusu ya njia. Kabla ya hapo, nusu ya nusu hiyo. Nusu haziishi, basi hafiki."

Wazee wakakuna vichwa.

"Na kesho je?" Mirto akauliza kwa upole.

"Hata kesho hafiki. Naapa!"

"Hewala, bwana. Wazee mmesikia."

Kesho yake Mirto aliwaalika wazee wanywe maziwa. Alikuwa akikamua mbuzi uani Tharsipo alipoingia mbio, jasho linamtiririka.

"Mwizi! Umemtoa mbuzi wangu zizini!"

"Wako hafiki hapa, bwana, umeapa. Kama anafika, nilipe kabichi zangu. Kama hafiki, huyu ni wangu."

"Nimekuja kumchukua!"

Mirto akaendelea kukamua. "Kumbe! Na wewe umefikaje?"