Aliyebaki Nje ya Lango la Tandaweni

Hapo zamani, angani kulipokuwa bado na miezi miwili, palikuwa na mji ukiitwa Tandaweni, mji wa ukuta na lango moja tu. Kila mwaka watu wake waliirudia Siku ya Lango. Nasema waliirudia, sikusema waliiigiza. Walijipaka udongo wa kizingitini kwenye paji la uso, bibi mkongwe Bi Mize akapiga ngoma, na wahenga wakawashukia. Ngoma ikinyamaza, wahenga waliondoka, hata aliyeshukiwa na mhenga aliyeuawa akaamka, kila mtu akarudi kwake na uchovu wake.

Na siku yenyewe, ile ya kwanza, ilikuwaje? Adui walikuja mbio. Faki, mlinzi wa lango, akalifunga. Ndugu yake Mkame akabaki nje, akauawa. Mji ukapona. Faki aliapa mpaka anakufa kwamba hakumsikia ndugu yake akiita. Basi kila atakayeshukiwa na Faki ilikuwa sharti azibe masikio kwa pamba, na Tandaweni nzima ikaona sawa tu.

Mwaka huo kura ya Faki ilimwangukia Somoe, na kura ya Mkame ikamwangukia mumewe, Bwanaheri. Ndoa yao ilikuwa bado mbichi.

"Mume wangu, nitakufungia lango kwa moyo gani?" Somoe akauliza.

Bwanaheri akacheka. "Utafunga kama walivyofunga wenzako. Ngoma ikinyamaza nitaamka, nije nidai wali wangu."

Ngoma ikalia. Wenye kura ya adui wakatokea kilimani. Somoe akafunga lango, akashika komeo. Alitaka kuisikia sauti ya mumewe, basi, hata mara moja. Akatoa pamba.

"Faki! Ndugu yangu, nifungulie!"

Sauti ilikuwa ya Bwanaheri, kilio kilikuwa cha Mkame. Mkono ukavuta komeo. Mkono wa nani, Somoe mwenyewe hakujua. Mtu akapenya, lango likafungwa tena, na adui walikuwa bado mbali. Watu wakatazamana. Kumbe nafasi ya kumwingiza Mkame ilikuwepo. Ilikuwepo tangu siku ile ya kwanza, na Faki wao waliyemsifu miaka yote alifunga kwa woga.

Ngoma ikanyamaza. Wahenga wote wakaondoka, isipokuwa mmoja. Yule aliyepenya alisimama uwanjani akijipapasa kifua huku analia.

"Bwanaheri!" Somoe akamkimbilia.

"Mimi ni Mkame," akajibu. "Ahsante, dada yangu. Ahsante sana."

Ndipo lango likagongwa kwa nje. Somoe akachungulia kwenye upenyo, asione mtu. Akatega sikio.

"Somoe, mke wangu, nifungulie. Huku kuna baridi."

Somoe akaitambua sauti ya mumewe. Akamgeukia Bi Mize, na Bi Mize akasema, "Ukifungua sasa hataingia, mwanangu. Mwili ni mmoja. Mkame atolewe nje, mimi nipige ngoma, na wewe uliyefungua ndiwe ufunge, ndipo mumeo aurudie mwili wake. Tena fanya haraka. Udongo ule pajini pake ukidondoka wote, aliye ndani amekaa, na aliye nje ndiyo basi."

Udongo ulikuwa umeanza kupasuka.

Mkame akasema, "Kila mwaka mmeniua, kisha mkaenda kula karamu. Sikuiba mwili wa mtu, nilifunguliwa. Nafasi ilikuwepo, mmeiona kwa macho yenu. Nirudi kufa kwa kosa gani?"

Sauti ya nje ikasema, "Mimi nilijipaka udongo kwa hiari, lakini nilijipaka nikijua nitarudi. Sikumfungia mtu lango. Nami nife kwa kosa gani?"

Bi Mize akasema, "Nami nisijifiche. Nilimwona Somoe akitoa pamba. Ningenyamazisha ngoma, yangeishia pale pale. Sikunyamazisha. Tangu usichana wangu nampigia huyu ngoma ya kufa, na nimechoka. Nilitaka aingie."

Na wale watu, waliokuwa wakimlilia Mkame kila mwaka, wakaanza kupiga kelele, "Atolewe! Atolewe nje!"

Somoe akasema, "Nilifungua kwa kumpenda mume wangu, na mume wangu ndiye niliyemfungia." Akamshika Mkame mkono kumpeleka langoni. Mkono ulikuwa na joto, mkono anaoujua. Mkame hakupinga. Alimwuliza tu, "Dada, safari hii utaziba masikio kwa pamba ipi?"

Somoe akalia kwa sauti. Ndani mtu anamtazama, nje mtu anamwita, na udongo unadondoka punje kwa punje.

Mimi nimewafikisha langoni, na komeo silishiki. Mnaonisikiliza, semeni nyinyi, wala msiangalie chini: kati ya aliyefungiwa bila kosa na aliyetoka akiamini atarudi, je, nani alistahili kuwa ndani?