Pimbi Alalia Shimo la Nyati

Hapo zamani za kale, wajukuu zangu, wakati kila mnyama alikuwa na nyumba yake, mlango wake, na jirani wa kumwomba moto, palikuwa na bonde liitwalo Nzugilo. Sogeeni karibu, aliye nyuma asije akasema hakusikia.

Bonde hilo lilikuwa na bwawa moja tu, nalo lilikuwa la Mfalme Kiboko. Miaka ya mvua hakuna aliyejali bwawa ni la nani, maana mto nao ulikuwa na maji. Lakini ukaja mwaka wa kiangazi kibaya. Mto ukabaki mchanga mtupu. Mfalme akaona maji yanampungukia mgongoni, akaingiwa na hofu. Akazungushia bwawa boma la miiba, akaingia na mkewe na mwanawe, akajibwaga ndani, bwata! Wenzake waliokuja kuomba walipewa tope la kunyonya.

Sasa Nyati alikuwa na mama yake, mzee sana. Alimleta mpaka kwenye boma akimwegemeza begani. Akabisha hodi, akasalimu vizuri, akaomba funda moja tu la mzee. Mfalme akajibu kutoka ndani, maji yakimfika kidevuni:

"Maji ni ya aliyeyatangulia."

Yule mama alifia palepale mlangoni, ulimi nje, mkavu kama gome.

Nyati alikuwa mcha Mungu. Hakuwahi kula jani kabla ya kushukuru. Lakini siku ile alisahau kusali. Alimzika mama yake, kisha akapita nyumba kwa nyumba: kwa Pundamilia, kwa Swala, kwa Ngiri, hata kwa Fisi, ambaye mpaka juzi alikuwa mpishi wa mfalme. Kote alisema jambo moja, kwamba boma ni miiba tu na miiba hukanyagwa. Walipokuja wote pamoja, gubu gubu gubu, vumbi likafunika jua, na boma likalala chini. Mamba waliokuwa walinzi hawakuonekana tena hata mkia.

Mfalme akaburutwa ukingoni. Kila mtu alitaka auawe. Lakini Nyati alipouliza nani atampiga, kila mmoja akaanza kuangalia kwato zake kana kwamba zimeingiwa na mwiba. Fisi alisema yeye angependa sana, ila kiuno kinamsumbua.

"Basi nitampiga mimi," Nyati akasema.

Mfalme Kiboko alikuwa amekaa juani tangu asubuhi, na ngozi ya kiboko, mnajua, haiwezi jua. Ilikuwa imeanza kupasuka. Akamtazama Nyati, akasema kwa sauti ambayo wengine hawakuisikia kwa ajili ya kelele:

"Ndugu yangu, nimekosa. Nipe maji kidogo kwanza, ndipo unipige."

Bwawa lilikuwa pale, karibu. Nyati angechota kwa kwato tu.

"Maji ni ya aliyeyatangulia," Nyati akajibu. Akainamisha kichwa, akapiga pembe. Bung'! Mfalme akalala.

Watu wakaimba. Wakamwinua Nyati, wakamwita Kiongozi, wakanywa mpaka matumbo yakalia chubu-chubu. Katikati ya shangwe hiyo Nyati, damu ikiwa bado imechemka, akatangaza sheria: asiwepo wa kukaa matanga ya mfalme, na atakayemlilia atatupwa shimoni. Wakapiga vigelegele. Neno likatoka, na mnajua neno si kikohozi, kwamba utasema samahani liishe.

Lakini kuanzia siku ile, kila Nyati alipoinama kunywa, maji yalimkwama kooni. Aliona mdomo wa mfalme ukifunguka. Alirudi kusali, na sala nayo ikakwama palepale maji yalipokwama. Hakumwambia mtu. Kiongozi atamwambia nani?

Haikuchukua muda, mjane akalia. Mama Kiboko alikuwa amejizuia, amejizuia, mwishowe uchungu ukamshinda. Akaketi mlangoni kwake na mwanawe, akalia kwa sauti, akimtaja mumewe kwa majina yote ya kumsifu. Fisi alikuwa anapita. Kila mara Fisi alikuwa anapita.

Akaja mbio kwa Nyati, akamweleza yote, hata mjane alivyopenga kamasi. Nyati akamwambia mjane ni mjane, na mtoto ni mtoto, wamwache. Fisi akacheka kile kicheko chake.

"Sawa, Kiongozi. Ila watu watauliza. Jana mfalme alikuwa na sheria yake peke yake. Leo na wewe una sheria ya kufunga na kufungua? Basi tumebadilisha kiboko kwa nyati, bwawa ni lilelile."

 Nyati aliogopa, wajukuu zangu. Yeye aliyevunja boma la miiba kwa kifua, aliogopa maneno ya Fisi. Akasema, haya, fanyeni kama sheria inavyotaka.

Fisi na ndugu zake wakaenda kwenye mto mkavu, maana mchanga ni laini, wakachimba shimo refu. Hesabu yao ilikuwa rahisi: kiboko akitupwa humo na jua likawaka, hahitaji hata kupigwa. Asubuhi yake bonde zima likakusanyika. Mama Kiboko akaletwa na mwanawe, mtoto anauliza tunakwenda wapi, mama anamvuta karibu. Nyati alisimama mbele, kichwa chini. Moyoni alikuwa anasema: Mungu wangu, nizuie. Mimi mwenyewe siwezi kujizuia.

Ndipo akatokea Pimbi.

Pimbi mnamjua, yule mdogo wa mawe, ukimwona utadhani panya aliyeshiba. Hana mkia. Na hapo ndipo utani wao na akina Nyati ulipoanzia. Inasemekana babu yake Nyati alikanyaga mkia wa babu yake Pimbi, ukakatika, na tangu hapo koo hizo mbili zikawa watani. Pimbi humtukana Nyati, Nyati humtukana Pimbi, hakuna kukasirika. Na kwenye msiba, mtani ana haki kubwa. Anaweza kuingia kaburini akalala chali, akagoma kutoka mpaka apewe anachotaka. Hapigwi, wala havutwi mguu. Ukimtoa kwa nguvu, kaburi limekataliwa, na balaa ni lako na watoto wako.

Pimbi alikuwa amepita hapo jana yake, akaona kile kifusi alichokitupa Fisi. Juu ya kifusi udongo ulikuwa mweusi, unashikana. Alikuwa ameutia puani, akaunusa, akaenda nyumbani kimya.

Sasa akapenya katikati ya miguu ya watu, pi, pi, pi, akafika ukingoni, akajirusha ndani. Pu! Akalala chali, mikono kifuani.

"Toka humo," Fisi akamwambia.

"Sitoki. Shimo limechimbwa kwa amri ya mtani wangu. Nina haki ya kulilalia."

Fisi akasema huu si msiba, hii ni hukumu. Pimbi akauliza kama kuna mtu atakufa. Fisi akasema ndiyo. Pimbi akauliza kama shimo ni la kumtia huyo mtu. Fisi akasema ndiyo.

"Basi ni kaburi, mpishi. Kaa kimya wakubwa tuongee. Wewe Nyati, mtani wangu, mwenye kichwa kikubwa cha kugawana na nzi! Unanisikia au masikio nayo ni pembe?"

Watu wakaanza kucheka chini chini. Nyati akajisikia kitu kikilegea kifuani. Zilikuwa siku nyingi hajatukanwa na mtu anayempenda.

"Nakusikia, wewe uliyekatika mkia," akajibu. "Unataka nini?"

"Nataka nilale vizuri. Kuna jiwe linanichoma mbavu. Nichimbieni kidogo hapa."

Fisi akang'aka, lakini watu wote walisema desturi ni desturi. Nyati akashuka, na Fisi akashuka. Pimbi akapanda akakaa katikati ya pembe za Nyati kama bibi arusi kwenye kigoda, akaanza kuelekeza. Hapa, hapana, pale, kule miguuni. Wakachimba, chakwa chakwa, jiwe likatoka. Pimbi akashuka akajilaza, akafumba macho. Watu wakangoja. Akafumbua jicho moja.

"Jua linanifikia. Teremsheni kidogo."

Wakateremsha. Akalala, akalalamika kwamba upande wa kichwani uko juu. Wakasawazisha. Akalala, akasema panatoa harufu ya Fisi, wachimbe mpaka harufu iishe. Hapo hata Mama Kiboko, na machozi yake, mdomo ulimcheza.

Jua likafika utosini. Wale wakubwa walikuwa wanatweta, ulimi wa Fisi umefika kifuani. Walikuwa wamechimba mteremko wa kushukia na kupandia, na shimo limekuwa pana kama uwanja wa ngoma. Fisi akasema kwa kunung'unika kwamba huyu panya atatuua kwa kiu.

"Piga pembe hapo katikati, mtani," Pimbi akasema polepole, akisogea kando. "Mara moja. Kwa nguvu zako zote."

Nyati akainamisha kichwa kama siku ile. Akakumbuka siku ile. Akapiga.

Tshiii!

Mchanga ukatetemeka, ukawa mweusi, ukawa uji. Maji yakachomoza, yakamfika Nyati kwenye kwato, yakamfika magotini, baridi, safi. Fisi alitoka mbio akipiga kelele kwamba anaungua, kisha akagundua ni baridi. Pimbi akamrukia Nyati kichwani, na Nyati akapanda mteremko taratibu. Nyuma yao shimo likaendelea kujaa, buluk, buluk, buluk. Watu wote wakasogea ukingoni.

"Haya, nimeridhika," Pimbi akasema, akishuka kwenye pua ya Nyati. "Kaburi nawaachia. Sheria inasemaje? Kiongozi, hebu irudie, mimi ni mdogo, nasahau."

Nyati akairudia. "Atakayemlilia mfalme atatupwa shimoni."

"Shimo si ndilo hilo? Mtupeni."

Fisi akataka kupinga. Lakini watu walikuwa wameshaelewa, na kicheko kikapita bondeni kama upepo kwenye mtama. Wakamsukuma Mama Kiboko, chubwi! Wakamsukuma na mwanawe, chubwi! Wote wawili wakazama, na dakika ile wakaibuka, wanapuliza maji puani, prrrf, ngozi zao zinang'aa. Yule mtoto akauliza kama wanaweza kutupwa tena.

Sheria ilikuwa imetimizwa yote, na hakuna aliyekufa.

Nyati akapiga magoti mchangani. Hakuangalia watu. Alimwangalia mjane.

"Mama," akasema, "hili hulijui, na hawa hawalijui. Mumeo aliniomba maji kabla sijampiga. Nikamnyima. Yeye alimnyima mama yangu, nami nikamnyima yeye, nikajiita mwokozi. Na maji haya yalikuwa hapa, chini ya miguu yetu. Tumeuana juu ya kitu tulichokuwa tumekikanyaga."

Mama Kiboko alimtazama, maji yakimfika shingoni.

"Siwezi kukuambia yameisha," akasema. "Ila niache nimlilie mume wangu."

"Lia, mama. Sheria ile nimeifuta, na kama ni kosa kuifuta, nishikeni mimi. Nitakaa matanga pamoja nawe."

Hakuna aliyemshika. Fisi aliangalia huku na huku akitafuta wa kumuunga mkono, akaona watu wote wameinama wanakunywa, naye kiu ikamshinda akainama.

Nyati akamwendea Pimbi, akamuuliza kwa nini hakuwaambia tangu jana kwamba pana maji, wakachimba kama watu, bila kuchezewa.

"Ningesema, nani angenisikia? Mlikuwa mmekuja kuzika. Mtu aliyekuja kuzika haoni maji, anaona kaburi tu. Na wewe, mtani, ulitaka kuzuiwa. Nilikuona ulivyosimama. Ulisimama kama ng'ombe anayengoja kufungwa kamba."

Nyati akacheka mpaka machozi yakamtoka, na kicheko kilipokwisha machozi yakaendelea. Akainamisha kichwa kisimani. Kabla ya kunywa akashukuru, kama alivyokuwa akifanya zamani: akamshukuru Mungu kwa maji, akamshukuru kwa mjane aliyelia bila kuogopa, akamshukuru hasa kwa kumpa mtani asiye na mkia wala haya. Kisha akanywa. Na maji yale, wajukuu zangu, yalishuka kooni mpaka chini, bila kukwama.

Matanga ya mfalme yalikaliwa pale pale kisimani, na Pimbi akatukana kila mtu, kama desturi inavyotaka. Kisima hakikuzungushiwa boma. Mimi maji haya ya hadithi nimeyateka nilipoyakuta, na kata ya kuchotea naiacha ukingoni, mwenye kiu achote.

Shimo ulilomchimbia mwenzako, mshukuru Mungu likitoka maji.