Nyayo za Kiboko katika Mto Mtopetope

— Jamani, mpo?

— Tupo!

— Masikio je?

— Wazi!

— Basi nashusha.

— Shusha, tupokee!

Nashusha habari za Mto Mtopetope. Anayetaka kusinzia asinzie sasa hivi, nisije nikamwona katikati ya maneno. Mto huo ni mfupi. Ukiepua muhogo pale kwenye chemchemi, chini ya kilima, ukateremka nao kwa miguu, unafika baharini bado una joto. Bahari ikijaa, mto hujaa. Bahari ikipwa, mto hupungua. Siku hizi mitumbwi hupanda mpaka Jiwe la Tumbo, na hapo ndipo mwisho wa safari. Zamani haikuwa hivyo. Zamani mto wote ulikuwa matope na matete, na palikuwa na kina mahali pamoja tu, katikati, kwenye bwawa. Na bwawani alilala Kiboko.

"Mto huu wangu," alisema Kiboko. "Kutoka chemchemi mpaka bahari, wangu. Anayepita aniachie nusu ya mzigo."

Juu ya mto alikaa Ngedere, mkulima wa muhogo. Chini, penye mikoko, alikaa Bi Kaa na wanawe, wapika chumvi. Ngedere alipakia muhogo mtumbwini apeleke kwa Bi Kaa. Mtumbwi ukakwama. Akausukuma, ukakwama. Akausukuma tena, akafika bwawani. Kiboko akapanua kinywa, ngwa! Nusu ya muhogo ikaenda. Mwaka ule mvua zilikuwa haba, Ngedere alivuna kidogo, na hiyo nusu iliyobaki haikutosha kitu. Wana wa Bi Kaa walilamba chumvi wakalala. Bi Kaa ilimuuma, na mama gani isingemuuma?

Akaondoka akaenda bwawani, upande upande, kama kawaida yake.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Umeleta nini?"

"Nimeleta habari tu. Papa yuko pale mto unapoingia baharini. Anasema anahamia huku."

"Mtoni kwangu?"

"Nami nilimwambia hivyo hivyo, mjomba. Nikamwambia mto una mwenyewe. Akaniuliza, mbona sioni nyayo zake? Nisipoona nyayo za Kiboko, anasema, naingia."

Kiboko akacheka. Kisha akaacha kucheka, akatazama matope. Hapakuwa na unyayo hata mmoja, maana tangu azaliwe alikuwa akilala bwawani tu, kazi yake kula vya watu.

Akainuka. Chubwi! Chubwi! Chubwi! Akakanyaga matope mpaka baharini. Akageuka. Chubwi! Chubwi! Chubwi! Akapanda mpaka kwenye jiwe moja kubwa, tumbo likamnasa. Akasema, "Hapa panatosha." Akarudi bwawani, hoi.

Asubuhi akamwita Bi Kaa.

"Papa amekuja?"

"Alichungulia, mjomba. Lakini maji yalijaa, nyayo zimefutika. Anasema atarudi."

Kiboko akatazama. Kweli! Matope yalikuwa laini, hayana alama. Akainuka tena. Chubwi! Chubwi! Chubwi! Mpaka baharini, mpaka kwenye jiwe. Maji yakajaa, yakafuta. Kesho yake akainuka tena. Maji yakajaa, yakafuta. Na yalipokuwa yakipwa yaliondoka na matope yote aliyoyavuruga, yakayamwaga baharini.

Siku ya kwanza mtumbwi wa Ngedere ulikwama mara tisa. Mwezi ulipoisha, ulikwama mara mbili. Mwaka ulipoisha haukukwama, na Ngedere alipita bwawani wakati Kiboko yuko mbali, anakanyaga.

Siku moja wakakutana uso kwa uso. Mtumbwi umejaa muhogo, na Bi Kaa amekaa juu ya mzigo.

"Nusu yangu!" Kiboko akanguruma.

Upondo wa kusukumia mtumbwi ukamponyoka Ngedere.

"Mpe, kaka Ngedere," akasema Bi Kaa. "Mpe mjomba wetu ale. Kaa ule, mjomba, tena taratibu, usije ukapaliwa. Maji yanajaa, ndiyo, na nyayo zinafutika. Lakini labda leo Papa atakungoja umalize."

Kiboko alikwisha kutia muhogo kinywani. Akautema mtumbwini, puu! Akageuka mbio kuelekea baharini. Chubwi! Chubwi! Chubwi!

Hata siku hiyo mzigo ulifika mzima. Wana wa Bi Kaa walikula, wakabakiza, wakala tena kile kiporo.

Wewe pale unauliza, na Papa je? Papa yupi? Papa hajawahi hata kuusikia mto huo! Kiboko mpaka leo anakanyaga, na mpaka leo anasema, "Mto huu wangu." Hakuna anayembishia. Mitumbwi inapita na watu wanamsalimu vizuri tu.

— Nimeshusha.

— Tumepokea!

— Mzigo umefika mzima?

— Mzima!

Basi fundisho ni hili, mlishike, msiniaibishe kwa mama zenu: msiseme uongo. Mtazameni Bi Kaa. Alisema uongo mmoja tu, na mmeona wenyewe yaliyompata. Alishiba.