Mkono wa Kushikwa Kaburini

Hapo zamani, nanyi ombeni zamani hiyo isirudi, palikuwa na nchi ambamo kulia siku ya kuzaliwa Mtawala kulihesabiwa uhaini. Siku hiyo mama mmoja, Mwanamkuu, akaletewa habari kwamba mwanawe amekufa vitani. Akajifungia ndani akalia. Jirani yake Bi Tatu akaja, wakalia pamoja. Askari waliopita njiani wakasikia, wakamkamata mwenye nyumba.

Kwa sheria ya nchi ile, mtu hanyongwi mpaka akiri kwa kinywa chake. Mwanamkuu akafunga mdomo.

Akaitwa Bi Tatu. Mumewe alikuwa gerezani, naye akaahidiwa kurudishiwa akisema aliyoyaona. Akasema kweli tupu, ila machozi yake mwenyewe hakuyataja. Kwa ushahidi huo Mwanamkuu akawekwa kifungoni mpaka atakapokiri.

Nasoro, wakili wa Mwanamkuu, akamwendea Hakimu Athmani faraghani. Hakimu akamwapia: mama akikiri, atafungwa mwaka mmoja tu. Basi Nasoro akambembeleza Mwanamkuu akiri, apate kurudi kwa bintiye Siwatu. Akakiri. Ikaja amri kutoka ikulu: anyongwe. Hakimu akatia sahihi.

Siku ya maziko wote watatu wakaja kutia udongo. Mila ya huko ni hii: mwenye hatia ya kifo, mfiwa humshika mkono asitie udongo. Anayeshikwa hutengwa mpaka kufa kwake, hasalimiwi wala hazikwi. Na kwa kifo kimoja hushikwa mkono mmoja tu.

Siwatu akasimama mbele yao.

"Mwanangu," akasema Bi Tatu, "sikusema uongo hata neno moja. Mume wangu nimempata. Hawezi kutembea, lakini yu hai. Ungekuwa wewe, ungemwacha afie mle?"

"Mimi ndiye niliyetaka kumwokoa," akasema Nasoro. "Nilidanganywa kama alivyodanganywa yeye."

Kweli, lakini nani aliufungua mdomo ule uliokuwa umefungwa?

Hakimu akainamisha kichwa. "Binti yangu, niliapa nikiamini nitaweza. Aliyenitangulia alikataa kutia sahihi. Akanyongwa, na mshtakiwa wake akanyongwa vilevile. Mimi nimebaki, na wapo wanaolala kwao leo kwa sababu nimebaki."

Mtawala hakuja mazikoni, kwa hiyo mkono wake haukuwepo wa kushikwa.

Siwatu akanyoosha mkono. Msiniambie awashike wote, mila haimruhusu. Wala msiniambie awaachie, mama yake yumo shimoni.

Je, mkono wa nani ulistahili kushikwa?