Wimbo wa Kurudisha Dakika

Kila mtu hupewa ulimi mmoja na kuonywa auchunge. Fundi Majira, mtunzi wa muziki na mvumbuzi wa vyombo, alijiona hahitaji onyo hilo. Chumbani kwake palikuwa na kinanda alichokiunda kwa mikono yake, mbao kwa nje, springi za saa za ukutani kwa ndani, na wimbo mmoja alioutunga kwa ajili ya kinanda hicho. Akiupiga wimbo huo kuanzia mwisho kwenda mwanzo, dakika chache zilizotangulia zilifutika, na watu wakaanza upya bila kukumbuka lolote. Fundi peke yake alikumbuka, kwa maana wimbo ule haukumrudisha nyuma mtu aliyeujua wote kwa moyo.

Aliishi na dada yake mkubwa, mshona nguo aliyekimbiwa na mume na mwenye binti aliyekwisha kuolewa; ndiye aliyemlea tangu wazazi wao walipofariki. Miaka miwili ya kukiunda kinanda, dada huyo ndiye aliyekaa sakafuni akisukuma mivukuto ya kukipulizia hewa, kwani Fundi alihitaji mikono yote miwili kutafuta sauti. Springi zilipofungwa zifanye kazi hiyo, dada akarudi kwenye cherehani yake chumba cha pili.

Mwanzoni Fundi alitumia wimbo kusahihisha makosa ya muziki mbele ya watu. Kisha akagundua kwamba hata maneno husahihishika. Siku moja alimfokea dada yake kwa sababu ya chai iliyopoa, akajuta, akakimbilia kinanda. Punde dada akaingia na chai ile ile, naye akampokea kwa bashasha kama si yeye. Basi akaona amepata mwarobaini. Tangu hapo hakuuzuia tena ulimi wake. Ya nini kujibana na kifutio kipo?

Jumamosi moja mchana, mkuu wa jumba la muziki alikuja na wenzake wawili kusikiliza kazi zake. Dada aliingia na sinia la chai, vipande vya uzi vimemganda kwenye gauni, utepe wa kupimia unaning'inia shingoni.

"Na huyu mama ni nani?" mkuu akauliza.

Fundi akautazama uzi ule, akaona haya. "Ah, huyo? Mtumishi wangu tu. Weka hapo, mama, uende."

Dada akaweka sinia, akatoka. Roho ikamsuta Fundi papo hapo. Akawaomba wageni wasikilize kipande kifupi, akaketi, akaupiga wimbo kinyumenyume.

Mlango ukafunguka tena. Sinia lile lile, ila safari hii vikombe vilikuwa vikigongana tangu mlangoni.

"Na huyu mama ni nani?"

Fundi akasimama wima. "Huyu ni dada yangu. Ndiye mama yangu, ndiye baba yangu. Bila yeye nisingejua hata kushika nyundo."

Wageni wakapiga makofi. Mkuu akainuka, akampa dada mkono, naye akashukuru kwa sauti ndogo.

Walipoondoka, Fundi alimfuata dada yake, akamkuta anakunja nguo kitandani. "Dada, umefurahi? Umesikia nilivyokusifu?"

"Nimesikia. Mara ya pili umenisifu vizuri sana."

Jasho jembamba likamtoka. "Mara ya pili ya nini?"

"Mara ya kwanza nilikuwa mtumishi, mdogo wangu." Hakupandisha sauti hata kidogo. "Nani alisukuma mivukuto miaka miwili? Wimbo wako ninao kichwani kuliko wewe. Hujawahi kunirudisha nyuma hata siku moja. Ya chai niliyasikia. Uliposema mume wangu alifanya vyema kunikimbia, nilisikia. Nikarudi nikakuchekea, maana sikujua nifanye nini kingine."

Fundi alitamani ardhi ipasuke immeze. Aibu zote alizodhani amezifuta zilimrudia kwa mkupuo. Kumbe kila moja ilikuwa na shahidi, na shahidi mwenyewe ndiye aliyekuwa akimpikia.

"Mbona hukuniambia?"

"Nilikuwa nangoja. Nilisema, siku moja ataacha kukimbilia kinanda, atakuja kuniambia samahani. Neno lenyewe fupi tu."

Fundi akapiga magoti. "Nisamehe, dada."

"Nimekusamehe zamani. Lakini nguo hizi ninazokunja ni zangu. Nahamia kwa binti yangu, ananisubiri. Cherehani mkwe wangu ataifuata kesho."

Macho ya Fundi yakakimbilia mlango wa chumba chenye kinanda. Dada akayaona.

"Kapige ukitaka," alisema. "Nitazikunja tena."

Fundi hakwenda. Alimbebea begi hadi barabarani, kichwa chini, asithubutu kumtazama usoni, na gari lilipoondoka alibaki pale pale kando ya njia, uso ukimwiva kwa aibu mbele ya wapita njia wasiojua kosa lake. Wimbo wa kurudisha dakika alikuwa nao. Maneno aliyomtamkia dada yake yalikuwa yameondoka na dada yake, kwa maana maji yakimwagika hayazoleki.