Fisi, Ndugu wa Marehemu

Mwaka ule ukame uliwatoa wanyama mwituni, wakahamia mjini, kila mmoja na chumba chake, kila mmoja na kufuli lake. Salamu zikawa zinaishia mlangoni.

Huko ndiko Bi Nungunungu alikofiwa na mumewe. Walimzika alasiri, wazikaji wanne. Jioni akapika sufuria nzima ya pilau ya matanga, akatandika mikeka hadi barazani, akangoja watu. Saa mbili, kimya. Saa nne, yupo Sungura tu, muuza kahawa wa ng'ambo ya barabara.

"Mume wangu analiliwa na mikeka," alisema Bi Nungunungu.

Mara kikasikika kilio: "Uuuwi! Ndugu yangu wa damu!" Alikuwa Fisi. Yeye alizunguka mji kwa kufuata harufu ya pilau, kila usiku na marehemu wake.

Bi Nungunungu akainuka upesi. "Ulimjua?"

"Nisimjue vipi? Tumbo moja, ziwa moja!" Fisi alikwishakaa kando ya sufuria. "Mrefu yule, na maneno hayamwishi!"

Marehemu alikuwa mfupi, na kwa siku hakuzidisha maneno matatu. Bi Nungunungu alilijua hilo vizuri. Akasema, "Endelea, shemeji."

Sungura akaweka kikombe chini. "Alaa! Kumbe mfiwa ni wewe, Fisi. Basi mfiwa hapakuliwi, hupakua." Akamtia Fisi upawa mkononi, akatoka barabarani. "Jamani, Fisi kafiwa na nduguye! Njooni mumpe pole!"

Usiku mjini wapitaji hawakosi. Akaja Bundi mlinzi, akaja Paka wa sokoni, akaja Kunguru aliyekosa usingizi, na wengine nyuma yao. Hakuna aliyemjua marehemu, wala aliyemjua mwenzake. Kila aliyepakuliwa alikula, kisha akaushika mkono wa Fisi kwa mikono miwili, "Pole, bwana, ndiyo dunia," na hakuuachia mpaka amalize kusimulia wafu wake mwenyewe. Fisi aliona ukoko ukikwanguliwa. Hapo akalia kweli.

"Masikini, alimpenda nduguye," alisema Bundi, akimalizia mnofu wa mwisho.

Alfajiri wakatawanyika, hata majina hawakuachiana. Bi Nungunungu alikunja mikeka yenye joto la watu, roho imemtulia. Fisi alikuwa uani akisugua sufuria.

"Jioni usichelewe, shemeji," Bi Nungunungu alimwambia. "Matanga ni siku tatu."

Njia ya mwongo ni fupi.